Rehema Isiyoficha Kweli

SABATO MCHANA

Soma kwa ajili ya somo la juma hili: Mwa. 4:8–15, Hes. 35:9–34, 2 Sam. 12:1–14, Law. 6:1–7, Lk. 19:1–10, Lk. 23:39–43, Rum. 12:17–13:4.

Fungu la kukariri: Zaburi 85:10. Likariri kutoka katika Biblia yako, ukiangalia mambo manne ambayo mtunga zaburi anayakutanisha mahali pamoja: fadhili, kweli, haki na amani.

Katika milima iliyo juu ya Ziwa Kivu, magharibi mwa Rwanda, kuna mahali panapoitwa Mugonero. Mwaka 1994 Waadventista Wasabato walikuwa na kanisa, hospitali na shule ya wauguzi mahali hapo. Mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yalipoanza mwezi wa Aprili, maelfu ya watu walikimbilia katika majengo hayo, wakiamini kwamba nyumba ya Mungu na nyumba ya wagonjwa haziwezi kuguswa. Miongoni mwao walikuwamo wachungaji wa Kiadventista pamoja na jamaa zao. Wachungaji hao walimwandikia barua kiongozi wa kanisa katika eneo lile, Mchungaji Elizaphan Ntakirutimana, wakimsihi awatetee kwa wakuu wa serikali ili wasiuawe. Wokovu haukuja. Tarehe 16 Aprili, siku ya Sabato, washambuliaji walifika, na watu wengi waliuawa.

Kiongozi huyo alikamatwa baadaye nchini Marekani, akapelekwa Arusha, Tanzania, mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda. Alikana mashtaka. Februari 2003 mahakama ilimtia hatiani kwa kusaidia mauaji ya kimbari, ikamhukumu kifungo cha miaka 10. Mwanawe, aliyekuwa daktari katika hospitali ile ile, alihukumiwa miaka 25. Rufaa iliyoamuliwa Desemba 2004 ilibadilisha baadhi ya vipengele vya hukumu, lakini vifungo vyote viwili vilibaki kama vilivyokuwa. Mzee huyo alitoka gerezani Desemba 2006 na kufariki Januari 2007.

Habari hii haisomeki kwa urahisi katika darasa la Shule ya Sabato, kwa kuwa inauliza maswali ambayo kila kanisa lingependa yaulizwe kwingine. Je, adhabu ya mahakama ni kitu kinachopingana na rehema ya Injili? Je, aliyenusurika anadaiwa msamaha na mtu yeyote? Na kanisa linalohubiri upatanisho lisimame wapi wakati mshiriki wake anaposhtakiwa kwa uovu? Somo la juma hili linaonyesha kwamba rehema ya Biblia haifichi kweli kamwe. Mahali ambapo kweli imefichwa, kile kinachoitwa msamaha huwa dhuluma ya pili juu ya ile ya kwanza.

JUMAPILI: Alama ya Kaini

Soma Mwanzo 4:8–15. Ni mambo gani mawili ambayo Mungu alimtendea Kaini, na kwa nini yote mawili yalihitajika?

Kesi ya kwanza ya mauaji katika Biblia inaanza kwa swali. Mungu anamuuliza Kaini ndugu yake yuko wapi, ingawa anajua. Swali hilo ni mlango wa kuungama, na Kaini anaufunga kwa uongo. Ndipo Mungu anapotaja kilichotokea: damu ya Habili inalia kutoka ardhini. Aliyeuawa hana tena mdomo, lakini Mungu hakubali kwamba kwa sababu hiyo hana tena haki.

Kisha linakuja jambo la kwanza: Kaini anaadhibiwa. Ardhi haitampa tena mazao yake, naye atakuwa mtu wa kutangatanga. Linafuata jambo la pili: Mungu anamtia Kaini alama ili yeyote amwonaye asimuue. Muuaji amehukumiwa, na muuaji amelindwa, na aliyefanya yote mawili ni Mungu yule yule, katika siku ile ile. Wanaopenda adhabu peke yake huisahau alama. Wanaopenda rehema peke yake huisahau damu iliayo ardhini.

Sura hiyo hiyo inamleta Lameki, mzao wa Kaini, anayejisifu kwamba kisasi chake ni mara sabini na saba (Mwa. 4:23, 24). Hiyo ndiyo tofauti kati ya adhabu na kisasi. Adhabu ina mpaka, ina shahidi na ina hakimu asiye mwenye jeraha. Kisasi hakina mpaka, na kila mara hudai zaidi ya kilichopotea. Yesu alipomwambia Petro asihesabu msamaha kwa vidole (Mt. 18:21, 22), ni kama aliichukua hesabu ya Lameki na kuigeuza iende upande mwingine.

Sheria ya miji ya makimbilio katika Hesabu 35 ilisimama juu ya msingi huo huo. Miji 6 ilitengwa, mitatu kila upande wa Yordani, ili aliyeua bila kukusudia asiuawe na ndugu wa marehemu kabla ya kusimama mbele ya mkutano. Shahidi mmoja hakutosha kumtia mtu hatiani kwa kosa la kifo. Lakini aliyeua kwa makusudi hakuruhusiwa kujikomboa kwa mali. Maskini aliyeuawa alikuwa na thamani ile ile ya tajiri, na tajiri aliyeua hakuweza kuimaliza kesi kwa idadi ya ng'ombe.

Paulo naye anafundisha hivyo hivyo. Katika Warumi 12 anawakataza waumini kujilipizia kisasi. Katika sura inayofuata anasema mamlaka ya nchi imewekwa ili kumwadhibu atendaye mabaya. Mgawanyo wa sura usimfiche msomaji: ni fundisho moja. Kisasi kinaondolewa mkononi mwa aliyeumizwa, lakini haki haitupwi chini.

Rwanda yenyewe ilipita katika njia hiyo. Aprili 1998 watu 22 waliotiwa hatiani kwa mauaji ya kimbari walipigwa risasi hadharani. Mwaka 2007 nchi hiyo hiyo, yenye makaburi mengi kiasi kile, iliifuta adhabu ya kifo. Haikufuta hatia, iliweka mpaka.

Mtu aliyekukosea akiadhibiwa, moyo wako unatafuta nini: haki itendeke, au yeye aumie? Utajuaje tofauti?

JUMATATU: Nani Awezaye Kusamehe?

Soma 2 Samweli 12:1–14. Daudi alisamehewa nini, na ni nini ambacho hakikuondolewa?

Nathani alimletea Daudi habari ya mwana-kondoo wa maskini, na mfalme akajihukumu mwenyewe kabla ya kujua kwamba ni yeye anayesemwa. Alipokiri, nabii alimwambia kwamba Bwana ameiondoa dhambi yake na kwamba hatakufa. Hata hivyo, upanga haukuondoka nyumbani mwake. Msamaha ulikuwa wa kweli, na matokeo yalikuwa ya kweli pia.

Kuna mtu mmoja ambaye hakuwapo siku ile: Uria. Alikuwa amelala kaburini, na hakuna aliyeweza kusema kwa niaba yake kwamba amesamehe. Mungu humsamehe mwenye dhambi kosa alilomtenda Yeye, maana kila dhambi ni dhidi yake. Lakini deni alilonalo mtu kwa mwenzake, mwenye deni hilo ndiye awezaye kulisamehe. Hakimu hawezi kumsamehea. Mchungaji hawezi. Baraza la kanisa haliwezi. Kila mmoja hutoa kilicho chake tu.

Jambo hili linaonekana kuwa dogo hadi linapofika kanisani. Chukua mfano wa kubuni, ambao hata hivyo washiriki wengi wataufahamu. Mtoto wa kike wa miaka 12 ameharibiwa na mwanamume anayeheshimika, mwalimu wa kwaya, mtoaji mwaminifu wa zaka. Mama yake anakwenda kwa mzee wa kanisa akilia. Jioni wanakuja wazee watatu nyumbani, wanaketi, wanaomba. Kisha mmoja anasema, "Mama, jambo hili tulimalize hapa hapa nyumbani. Likifika polisi, jina la Bwana litatukanwa. Yesu alisema saba mara sabini. Na wahenga nao walisema yaliyopita si ndwele, tugange yajayo." Mwalimu wa kwaya anapiga magoti na kulia. Inatolewa bahasha ya kusaidia ada ya shule. Sabato inayofuata anasimama mbele ya kwaya kama kawaida. Baada ya majuma machache, anayekosekana kanisani ni mtoto.

Katika kikao kile, nani alisamehe? Mtoto hakuulizwa. Mama alisema "sawa" mbele ya wanaume watatu ambao hakuzoea kuwapinga. Wazee walitoa kisichokuwa chao, na gharama yake ikalipwa na mtoto. Tena kwaya ina watoto wengine, ambao wazazi wao hawakuambiwa chochote. Methali ya wahenga ni njema inapomtia moyo aliyeumia aendelee na safari. Inageuka kuwa silaha inapotamkwa na mkosaji au na rafiki zake.

Wengine hulitaja fungu la 1 Wakorintho 6, ambapo Paulo anawakemea waumini wanaoshtakiana mbele ya wasioamini. Lakini Paulo anazungumzia pale magomvi ya mali na mambo madogo kati ya ndugu. Kumharibu mtoto si ugomvi wa ndugu, ni jinai. Ni Paulo huyo huyo aliyeandika kwamba mamlaka ya nchi ni mtumishi wa Mungu katika kumwadhibu atendaye mabaya. Rehema katika nyumba ile ingeanza kwa kumpeleka mtoto hospitali na kwenye dawati la jinsia na watoto katika kituo cha polisi, kumwondoa mtuhumiwa kwenye kwaya wakati uchunguzi unaendelea, na kumwambia mtoto mbele ya mama yake kwamba yeye hana kosa. Kumwombea mwalimu wa kwaya kungefuata, na hakuna aliyekataza. Hata kumtembelea mahabusu kungekuwa wajibu wa Kikristo.

Je, kanisa lako limewahi kulinda jina lake kuliko lilivyomlinda mtu aliyeumizwa ndani yake? Nini kilipotea?

JUMANNE: Juu ya Majani

Soma Mithali 28:13. Kuna mambo gani mawili ambayo fungu hili linayadai kabla ya rehema kupatikana?

Baada ya mauaji ya 1994, magereza ya Rwanda yalijaa. Mwishoni mwa miaka ya 1990 watuhumiwa wapatao 120,000 walikuwa kizuizini, na mahakama za kawaida zingehitaji miaka mingi sana kuwasikiliza wote. Mahakama ya Arusha nayo iliwashtaki watu 93 tu, wengi wao viongozi. Ndipo nchi ilipogeukia desturi ya zamani iitwayo gacaca, jina linalotokana na majani ambayo wazee walikalia waliposuluhisha ugomvi kijijini. Majaribio yalianza mwaka 2002, kesi zikasikilizwa nchi nzima kuanzia 2005, na mahakama hizo zikafungwa rasmi Juni 2012. Kulikuwa na mahakama zipatazo 12,000, na kesi zaidi ya milioni 1.9 zilisikilizwa.

Mahakimu hawakuwa wanasheria. Walikuwa majirani waliochaguliwa na wenzao kwa uadilifu wao. Wanakijiji walikusanyika siku moja ya juma, na mtuhumiwa alisimama mbele ya watu wanaomjua tangu utoto. Aliyekiri alipunguziwa adhabu, lakini kukiri kwa maneno ya jumla hakukutosha. Alitakiwa kusema alifanya nini, wapi, pamoja na nani, na miili iko wapi. Alitakiwa pia kuomba msamaha hadharani. Sheria ilimdai mkosaji aombe. Haikumlazimisha aliyenusurika kujibu.

Hapo ndipo Mithali 28:13 inapoonekana kwa macho. Kuna wajane waliojua kwa mara ya kwanza, katika mkutano wa namna hiyo, mifupa ya wapendwa wao imetupwa katika shimo gani. Walikwenda kuichimba, wakaiosha, wakaizika kwa heshima. Hawakuwa wamerudishiwa mtu wao, lakini walikuwa wamerudishiwa kweli, na bila kweli hata kilio hakina mahali pa kukaa.

Gacaca haikuwa mbingu. Watuhumiwa hawakuwa na mawakili. Baadhi ya mashahidi walitishwa, na wengine waliuawa. Wapo waliosingiziwa kwa sababu ya shamba au chuki ya zamani, na wapo waliokiri nusu ili wapunguziwe kifungo. Makosa yaliyofanywa na askari wa upande ulioshinda vita hayakusikilizwa katika mikutano hiyo, na familia za waliopotea upande huo zilibaki na vilio vyao. Haki ya wanadamu huwa na matundu, na Mkristo hana sababu ya kuyaficha matundu hayo kama vile asivyo na sababu ya kuificha dhambi.

Lakini jambo moja linabaki kuwa fundisho. Katika uwanja ule wa majani, maneno "nisamehe" yaliwekwa mahali pake, yaani baada ya kweli. Kanisani mara nyingi hutangulia. Mshiriki husema, "Kama kuna mtu nimemkosea, anisamehe," na watu huitikia amina, wala hakuna ajuaye kosa ni lipi. Maungamo ya namna hiyo humpunguzia mzigo mwenye kuyasema, wala hayampi chochote aliyekosewa.

Ukikumbuka maungamo yako ya mwisho kwa mtu uliyemkosea, ulilitaja kosa kwa jina lake?

JUMATANO: Zakayo Alirudisha

Soma Walawi 6:1–7 na Luka 19:1–10. Katika mafungu haya, kurudisha mali kunahusianaje na msamaha?

Katika sheria ya Musa, aliyemnyang'anya jirani yake au kumdanganya katika amana alitakiwa kurudisha kitu chote, na kuongeza sehemu ya tano juu yake, na kumpa mwenyewe siku anapoleta sadaka yake. Mpangilio huo una maana. Mnyama wa sadaka hakuweza kufanya kazi ambayo ng'ombe aliyeibwa alitakiwa kuifanya. Yesu alifundisha vivyo hivyo aliposema kwamba anayekumbuka madhabahuni kuwa ndugu yake ana neno juu yake, aiache sadaka yake na aende kwanza kupatana naye (Mt. 5:23, 24).

Zakayo alielewa bila kuambiwa. Yesu hakumdai kitu. Alijialika tu nyumbani kwake, mbele ya watu walionung'unika. Neema ilitangulia. Ndipo Zakayo alipoahidi nusu ya mali yake kwa maskini, na mara nne kwa kila aliyemdhulumu. Yesu akatangaza kwamba wokovu umefika katika nyumba ile. Zakayo hakuununua wokovu kwa fedha zile. Fedha zile zilionyesha kwamba wokovu umeingia hadi mahali anapoweka funguo za sanduku.

Mtu anaweza kufikiri kwamba kusisitiza malipo ni kurudi kwenye wokovu wa matendo. Lakini fikiri upande wa yule mjane wa Yeriko aliyetozwa ushuru mara mbili. Kama Zakayo angeokoka bila kurudisha, mjane angesikia habari njema gani? Angesikia kwamba Mungu amemsamehe mwizi, na kwamba yeye ataendelea kulala njaa.

Sehemu kubwa ya kesi za gacaca haikuhusu mauaji bali mali: ng'ombe walioliwa, mabati yaliyoezuliwa, milango iliyong'olewa. Wengi walioamriwa kulipa walikuwa maskini, na baadhi yao walilipa kwa kufanya kazi. Wafungwa wengi waliokiri makosa mazito zaidi walimalizia sehemu ya adhabu yao katika kazi za jamii, wakijenga barabara, matuta ya kuzuia mmomonyoko na nyumba za walionusurika. Mikono iliyobomoa ilipewa matofali. Adhabu ya namna hiyo haimwachi mkosaji akioza mahali asipoonekana, wala haimwachi aliyedhulumiwa mikono mitupu.

Hata hivyo, kuna deni ambalo matofali hayalipi. Hakuna mara nne ya mtoto aliyeuawa. Mbele ya deni hilo mahakama hufika mwisho wa uwezo wake, na mkosaji mwenye toba ya kweli hulijua hilo kuliko hakimu. Paulo alipomwandikia Filemoni kuhusu Onesimo, alisema deni lolote liandikwe kwenye hesabu yake yeye. Hakusema kwamba hakuna deni. Injili nayo husema hivyo: deni lipo, ni kubwa, na kuna Mmoja aliyekubali liandikwe kwake.

Je, kuna kitu cha mtu ambacho bado kiko kwako, fedha, mpaka wa shamba au jina jema ulilomwondolea? Ni hatua gani ya kwanza ya kukirudisha?

ALHAMISI: Misumari Haikung'olewa

Soma Luka 23:39–43. Mhalifu huyu alisema nini juu ya adhabu yake mwenyewe? Alipewa nini, na ni nini ambacho hakupewa?

Wahalifu wawili walitundikwa pamoja na Yesu. Mmoja alitaka ashushwe. Mwingine alisema jambo ambalo wafungwa wachache hulisema: kwamba wao wanapata malipo yanayostahili matendo yao. Baada ya kuikubali kweli hiyo, aliomba akumbukwe tu. Na siku ile, katika saa ya giza kuliko zote, alipewa ahadi kwamba atakuwa pamoja na Mwokozi katika Paradiso.

Lakini misumari haikung'olewa. Jioni ile askari walimvunja miguu kama walivyomvunja mwenzake (Yn. 19:32). Alikufa akiwa amesamehewa kabisa na akiwa ameadhibiwa kabisa, wala Yesu hakuona mgongano. Rehema haikumtoa katika matokeo ya matendo yake. Iliingia humo na kukaa pamoja naye. Aliyemwahidi alikuwa ametundikwa kando yake, kwa misumari ya namna ile ile, bila kosa lolote.

Fungu hili linawafungua wengi kutoka katika uchaguzi wa uongo. Mama aliyemshtaki mwalimu wa kwaya hajakosa rehema. Anaweza kutoa ushahidi mahakamani Jumatatu, na kumwombea mshtakiwa Jumatano katika ibada ya maombi. Aliyenusurika anayesema, "Bado sijaweza kusamehe," hajaasi Injili. Amesema kweli, na kweli ni mlango ambao neema huingilia. Na mfungwa aliyebatizwa gerezani asidhani ubatizo wake ni barua ya kuachiliwa. Akiwa ameokoka kweli, atakuwa wa mwisho kudai hivyo.

Kanisa nalo limepewa nidhamu yake. Mwongozo wa Kanisa unataja njia mbili, karipio la muda na kuondolewa katika ushirika, na shabaha ya zote mbili ni kumrejesha mtu. Paulo aliwaandikia Wakorintho kwamba adhabu aliyopewa mkosaji mmoja na wengi wao inatosha, na kwamba sasa wamfariji asije akamezwa na huzuni (2 Kor. 2:6–8). Kuna wakati wa kuadhibu, na kuna wakati wa kusema imetosha. Kanisa lisiloadhibu kamwe linawaacha wadogo bila ulinzi. Kanisa lisilosema "imetosha" kamwe limejifanya Lameki.

Kusema imetosha si kurudisha kila kitu mahali pake. Msamaha huweza kutolewa kwa siku moja, lakini imani hujengwa kwa miaka, na kuna mambo ambayo busara haiyarudishi tena. Mhazini aliyekula sadaka akatubu na kulipa anaweza kuimba, kuomba na kushiriki Meza ya Bwana bila kukabidhiwa tena funguo za sanduku. Aliyemdhuru mtoto anaweza kumjua Mungu kwa kina, na bado asipewe darasa la watoto hadi mwisho wa maisha yake. Aliyetubu kweli hataliona hilo kuwa tusi. Ataliona kuwa sehemu ya upendo anaoupata sasa kwa wale aliowaumiza.

Yesu aliwahesabu waliomtembelea mfungwa kuwa wamemtembelea yeye (Mt. 25:36), wala hakuongeza kwamba awe mfungwa asiye na hatia. Ni nani wa eneo lako aliye gerezani, na familia yake inaishije?

IJUMAA

Kwa kujifunza zaidi: Soma sura ya Ellen G. White kuhusu Zakayo katika kitabu cha Tumaini la Vizazi Vyote, na uangalie jinsi toba na kurudisha mali zinavyowekwa pamoja.

Waadventista wanaamini kwamba kabla ya Kristo kurudi, hukumu inakaa mbinguni na vitabu vinafunguliwa (Dan. 7:9, 10). Wengi wamelisikia fundisho hilo kwa hofu. Lakini lisikilize kwa masikio ya wale waliojificha Mugonero, walioandika barua isiyowaletea wokovu. Kwao habari kwamba vitabu vitafunguliwa ni habari njema. Maana yake ni kwamba hakuna barua iliyopotea, hakuna kilio kilichomezwa na ardhi, hakuna kikao cha siri kilichofanikiwa kuificha kesi. Katika Ufunuo 6:9–11 waliouawa wanauliza hadi lini, wala hawaambiwi wanyamaze kwa jina la msamaha. Wanapewa mavazi meupe na kuambiwa wangoje kidogo.

Mungu mwenyewe, aliye na haki ya kusamehe kuliko wote, hasamehi kwa kufunga vitabu. Anavifungua mbele ya ulimwengu, na kandokando ya kila dhambi iliyoungamwa anaiweka damu ya Mwanawe. Kama mbinguni rehema haiogopi kumbukumbu, kanisa duniani lisiogope kituo cha polisi, shahidi, wala mtoto anayesema kilichomtokea.

Maswali ya kujadili:

1. Darasani, jadilini tofauti kati ya kisasi, adhabu na malipo. Ni ipi ambayo jamii yenu huichanganya zaidi na nyingine, na matokeo yake ni nini?

2. Mshiriki anasema, "Mwathirika asiposamehe, Mungu naye hatamsamehe, kwa hiyo tumhimize asamehe leo." Mafungu kama Mathayo 6:14, 15 yasomwe vipi mbele ya mtu ambaye jeraha lake bado linavuja damu? Ni nani mwenye haki ya kumsomea, na wakati gani?

3. Mahakama za gacaca zilileta kweli nyingi, na pia ziliacha vilio ambavyo havikusikilizwa. Mkristo aseme nini juu ya haki ya wanadamu iliyo pungufu: aikatae, aitumie, au airekebishe?

4. Kanisa lenu lina utaratibu gani iwapo mtoto atasema ameumizwa na mshiriki? Nani ataambiwa kwanza? Kama hakuna anayejua jibu, mtafanya nini kabla ya Sabato ijayo?

5. Mfungwa aliyemaliza kifungo anarudi Sabato asubuhi na kuketi kiti cha nyuma. Mbele yake ameketi dada wa mtu aliyemuua. Kanisa linawezaje kumpokea yeye bila kumfukuza dada huyo?